Tumechimba tangi Mugunga tukakuta mifupa ya mtu. Mtaalamu anaweza kujua ni ya nani na ya mwaka gani?

#1 Mwana_Mugunga
Jambo wote. Jana mafundi walikuwa wanachimba tangi la maji ya mvua kwenye parseli (kiwanja) ya marehemu baba, hapa Mugunga, Goma. Walipofika kimo cha kiuno, chini ya changarawe nyeusi, wakakuta mifupa. Si ya mbuzi, maana taya lina meno ya mtu. Kuna fupa la paja moja, mbavu, vipande vya nyonga na kipande cha shitingi (turubai la nailoni) ya buluu iliyooza. Mfupa mmoja wa mkono, karibu na kiganja, una doa la kijani. Na lile fupa la paja upande wa juu halina kichwa, kama limekatwa. Fundi anasema ni panga.

Nyumbani tumegawanyika. Mama anataka aitwe mchungaji tuzike upya leo leo. Mjomba anasema tunyamaze, ukiita watu wa serikali parseli inafungwa. Mimi nataka kujua kwanza. Nasikia kuna wataalamu ambao kazi yao ni kusoma mifupa. Wanaweza kweli kusema huyu alikuwa mwanamume au mwanamke, alikufa lini, alikufa kwa nini? Au ni mambo ya filamu?

#2 Baba Neema wa Katindo
Pole ndugu yangu. Kwangu hapo hakuna fumbo. Mugunga ilikuwa kambi ya wakimbizi mwaka 1994. Kuanzia Julai ile kipindupindu na kuhara damu viliua watu kama 50,000 katika kambi za kuzunguka Goma, tena ndani ya wiki chache. Mwamba haukuchimbika kwa jembe. Maiti zililala kando ya barabara zimeviringishwa kwenye mikeka, mpaka wanajeshi wa Ufaransa wakaleta mashine za kuchimba makaburi ya pamoja. Wengine walizikwa na ndugu zao popote palipopatikana udongo. Shitingi ya buluu ndiyo jibu lako. Zikeni kwa heshima.

#3 Dokta_Kadutu
Naandika kutoka Bukavu. Mwana_Mugunga, kabla ya yote: msitoe kitu kingine shimoni. Mliyoyatoa yawekeni kwenye gunia safi au karatasi, si kwenye mfuko wa nailoni, unyevu utayaharibu. Msiyaoshe. Mtaalamu wa mifupa anasoma vitu viwili, mfupa wenyewe na jinsi ulivyolala. Amelala chali au kifudifudi? Mikono iko kifuani au imefungwa nyuma? Shitingi iko chini yake, juu yake au imemzunguka? Ukishang'oa vyote ukavirundika pembeni, nusu ya ushahidi imeondoka na hakuna maabara itakayoirudisha.

Na picha ulizoweka naomba uziondoe. Huyo ni mtoto wa mtu.

#4 Msimamizi
Picha zimeondolewa. Endeleeni bila picha za mifupa.

#5 Mtoto wa Himbi
Baba Neema umekimbilia 1994 haraka mno. Changarawe nyeusi ni ya volkano. Huyu si alifunikwa na lava ya Nyiragongo, Januari 2002?

#6 Riziki_Majengo
@Mtoto wa Himbi hapana kabisa. Lava ya 2002 ilipita uwanja wa ndege na katikati ya mji hadi ziwani. Mugunga haikufika, ndiyo maana watu walikimbilia upande ule wa Sake. Hata ya Mei 2021 ilisimama upande wa Buhene. Halafu lava haimfuniki mtu ikamwacha na meno meupe na nailoni yake. Ingekuwa lava, shitingi ingekuwa majivu.

#7 Fundi Safari
Miye nachimba matangi na vyoo mji huu tangu ujana. Changarawe nyeusi Mugunga iko kila mahali, mtu akizika anairudishia ile ile. Haina mwaka. Lakini kuhusu panga namuunga mkono fundi mwenzangu. Mfupa haupotezi kichwa bure.

#8 Dokta_Kadutu
Fundi, hapo tupunguze mwendo. Niliona picha kabla hazijatolewa. Ule mwisho wa juu wa fupa la paja haukuwa bapa. Ulikuwa na vijimatuta na vijibonde, kama mchanga uliopitiwa na mawimbi madogo. Mfupa uliokatwa na panga hauko hivyo. Panga huacha uso ulionyooka, laini, wakati mwingine unang'aa ukiuelekeza kwenye mwanga, na ukiutazama kwa kioo cha kukuza unaona mistari myembamba inayofuata njia ya makali.

Vijimatuta vile ni alama ya umri. Kwa mtoto na kijana, ncha za mifupa mirefu ni vipande vinavyojitegemea. Vimeunganishwa na gegedu, na gegedu huoza ardhini. Kichwa cha fupa la paja huungana na mwili wake kati ya miaka kama 14 na 20, wasichana wakitangulia wavulana. Kwa hiyo kichwa chake hakikukatwa. Kiko bado humo shimoni, kimeviringa, saizi ya ndimu kubwa, na mafundi wanaweza kukitupa wakidhani ni jiwe. Kitafuteni kwenye changarawe mliyokwisha kuitoa.

Swali moja: magego ya nyuma kabisa kwenye taya yametoka?

#9 Mwana_Mugunga
Asante Dokta. La mwisho kushoto limechungulia tu, halijatoka lote. Kulia kuna shimo tupu.

#10 Dokta_Kadutu
Gego la pili hutoka karibu na miaka 12, la tatu kwa kawaida kati ya 17 na 21, ingawa kwa watu wengi wa Afrika huwahi kidogo. Ukiliweka pamoja na lile paja, ningesema kijana wa miaka kama 15 hadi 20. Mtaalamu angeangalia pia mtulinga, ncha yake ya upande wa kifuani ndiyo huungana mwisho kuliko zote, mpaka karibu miaka 30.

Mwanamume au mwanamke sitasema. Hilo husomwa zaidi kwenye nyonga: pembe iliyo chini ya mfupa wa kinena ni pana kwa mwanamke, ni nyembamba kwa mwanamume, na pengo la nyuma ya nyonga vilevile. Lakini kwa kijana ambaye hajamaliza kukua, nyonga inaweza kumdanganya hata bingwa. Kwa watoto wadogo wataalamu waaminifu hukataa kabisa kujibu swali hilo.

#11 Fundi Safari
Kichwa tumekipata! Nimempigia simu yule fundi wa pale, tunajuana. Kilikuwa kwenye lundo la mawe. Lakini bado nauliza. Kama ni kijana mwenye afya, kilichomuua ni nini?

#12 Baba Neema wa Katindo
Kipindupindu. Nimeshasema.

#13 Furaha_Bkv
Papa Neema, mimi ni muuguzi na nimewahi kuhudumia kipindupindu. Mgonjwa akikosa maji na chumvi kwa haraka anaondoka ndani ya siku moja. Mfupa haupati hata nafasi ya kubadilika. Kifua kikuu cha uti wa mgongo kinaacha alama, utapiamlo wa muda mrefu utotoni unaacha mistari kwenye meno, lakini kipindupindu hakiachi chochote. Yawezekana una haki, ila mifupa haitakusaidia kuthibitisha. Itakusaidia kaburi: wako wengi pamoja, wa umri wote, wamewekwa haraka, bila majeraha. Huyu tumeambiwa ni mmoja.

#14 Mwalimu_Ndosho
Na kuna jambo hamjaligusa. Upande ule wa Mugunga, Bulengo na Lac Vert ni kwenye mazuku. Hewa ile nzito ya volkano inajaa kwenye mabonde usiku, mbuzi wanakutwa wamekufa asubuhi, na watu pia wamekufa. Kijana aliyelala bondeni akazikwa hapo hapo na waliomkuta? Mazuku nayo haiachi alama mfupani.

#15 Mukwetu wa Kenya (Lubumbashi)
Kenya yetu ni komine ya huku Lubumbashi, msinipeleke Nairobi tena kama juzi. Nimevutwa na lile doa la kijani. Hiyo ni shaba. Katanga tunaijua. Kule Sanga, kando ya Ziwa Kisale, Nenquin na Hiernaux walifukua makaburi ya zamani mwaka 1957 na 1958, halafu de Maret akaendelea miaka ya 1970. Walikuta watu wamezikwa na vyungu, bangili, mikufu na baadaye misalaba midogo ya shaba. Shaba ikiliwa na unyevu inapaka mfupa rangi ya kijani, tena inaua vijidudu, kwa hiyo sehemu iliyoguswa nayo hudumu kuliko nyingine. Huyo kijana alivaa bangili.

#16 Mtoto wa Himbi
Au risasi. Ganda la risasi ni shaba nyekundu na zinki.

#17 Riziki_Majengo
Au waya wa umeme. Au kuvu tu ya kijani, kule kuna unyevu.

#18 Mukwetu wa Kenya (Lubumbashi)
Kuvu hufutika. Doa la shaba limeingia ndani ya mfupa. Kama ni duara linalozunguka mkono, ni bangili. Kama ni nukta upande mmoja, basi sibishani na Mtoto wa Himbi.

#19 Mwana_Mugunga
Ni upande mmoja, lakini limetambaa kama upana wa kidole. Bangili yenyewe hatujaiona.

#20 Dokta_Kadutu
Ndiyo sababu ya kuchekecha udongo wote. Mtaalamu huupitisha kwenye chujio la waya, anatafuta vifungo, meno, mifupa midogo ya vidole, vipande vya chuma. Mtu mzima ana mifupa 206, na zaidi ya nusu iko kwenye mikono na miguu. Asiyechekecha huipoteza hiyo kwanza.

#21 Mzee Bahati
Wanangu, mimi niliijua Mugunga kabla haijawa kartie ya mji. Kulikuwa na migomba na nyumba chache. Zamani mtu alizikwa nyumbani kwake, nyuma ya nyumba au kwenye migomba, si makaburini ITIG. Familia ikihama, kaburi linabaki na mti tu juu yake, na mti ukikatwa hakuna anayejua. Kila mfupa mnaupa vita na magonjwa. Huenda ni mtoto wa mwenye shamba, amekufa kifo cha kawaida, akalaliwa na wazazi wake matanga kama inavyopasa. Nailoni ilitupwa juu baadaye.

#22 Riziki_Majengo
Mzee Bahati shikamoo. Hili la kwako nimelipokea. Lakini hata nailoni haina mwaka mmoja. Mugunga ilifunguliwa kambi 1994, ikaondolewa Novemba 1996. Wakaja wakimbizi wetu wenyewe wa Masisi na Rutshuru baada ya 2007. Wakaja tena wa 2023 na 2024. Ni kweli shitingi za siku hizi nyingi ni nyeupe, ila za buluu ziliuzwa sokoni na kutumiwa upya miaka mingi. Mama yangu aliezekea nazo banda la kuku.

#23 Mwalimu_Ndosho
Kuna njia ya maabara. Majaribio ya mabomu ya nyuklia ya miaka ya 1950 yaliongeza kaboni yenye mnunurisho hewani, ikafika kilele karibu 1963, ikaanza kushuka. Kila aliyekula chakula baada ya hapo anayo kwenye mifupa, na ambaye meno yake yaliumbika baada ya hapo anayo kwenye meno pia. Kwa hiyo wanaweza kusema kama mtu aliishi kabla au baada ya mabomu. Hilo lingesaidia kupima hoja ya Mzee Bahati na ya Baba Neema.

Lakini hapa kwetu kuna kikwazo. Hewa ya ukaa inayotoka kwenye volkano haina kaboni hiyo. Mmea unaokua karibu na mazuku unaivuta, mtu anakula mmea, na kipimo kinamwonyesha mzee kuliko alivyo. Anayeleta sampuli ya Goma lazima aliweke hilo mezani.

#24 Mtoto wa Himbi
Basi tungoje huyo kijana awe mtu wa Ishango, kule Ziwa Edward, wa miaka 20,000. Si mfupa wa Ishango ulikuwa wa mtu wa kwanza kuhesabu?

#25 Mwalimu_Ndosho
Mfupa wa Ishango wenye mikato ni wa mnyama, kijana wangu, ni kama kishikio cha chombo. De Heinzelin aliupata 1950 na uko Brussels. Mabaki ya watu yalipatikana pale pale Ishango pia, lakini ni habari nyingine. Na hawakuwa na shitingi.

#26 Avoka_Virunga
Turudi kwa Mwana_Mugunga. Kisheria, ukikuta mabaki ya mtu unaarifu chefu wa kartie na polisi, na OPJ (afisa wa upelelezi) anapeleka taarifa parketi (ofisi ya mwendesha mashtaka). Mwendesha mashtaka ndiye mwenye uwezo wa kuagiza mtaalamu. Ukizika kimya leo na kesho jirani akakugeukia, utaulizwa ulificha nini. Andika tarehe, nani alikuwepo, pima kina cha shimo, piga picha za mahali, si za kusambaza. Hiyo ni kinga yako.

#27 Dada_Keshero
Avoka unasema kweli ya kitabuni. Kwetu tulipokuta fuvu, tuliarifu. Akaja mtu mwenye kofia ya serikali akaomba pesa ya mafuta ya pikipiki, kisha pesa ya karatasi, akabeba fuvu kwenye mfuko wa unga na hatujasikia tena. Mpaka leo mama yangu anauliza liko wapi. Simlaumu mjomba wa Mwana_Mugunga hata kidogo.

#28 Avoka_Virunga
Pole sana dada. Ndiyo maana nasema karatasi yenye sahihi kabla mfupa haujaondoka. Bila hati ya makabidhiano hauondoki.

#29 Ng'ambo_ya_Ziwa
Nitoe mfano wa karibu. Kibuye, Rwanda, ng'ambo ya Ziwa Kivu, mwishoni mwa 1995 na mwanzoni mwa 1996, timu ya William Haglund ilifukua kaburi la kanisani kwa ajili ya mahakama ya Arusha, ile ya mauaji ya kimbari ya Rwanda. Waliotolewa walikuwa karibu 500, wengi wanawake na watoto, na mafuvu mengi yalionyesha vipigo vya kifaa butu na makali. Huko ndiko mifupa ilisema wazi, maana mfupa mbichi huvunjika kwa kingo laini za mshazari, na rangi ya mvunjiko ni ile ile ya mfupa mzima. Mfupa mkavu uliopigwa na mtaimbo wa fundi huvunjika kwa kingo mbovumbovu na ndani ni mweupe.

Mama mkubwa wangu alikwenda siku walipotandaza nguo. Walizifua, wakazipanga, wakaita watu waje kuangalia. Yeye alitafuta sweta aliyoifuma kwa mkono. Hakuipata. Waliotambuliwa kwa majina walikuwa wachache sana. Kwa hiyo kujua jinsi mtu alivyouawa na kujua yeye ni nani ni kazi mbili, na ya pili inahitaji aliye hai.

#30 Baba Neema wa Katindo
@Ng'ambo_ya_Ziwa lakini siku hizi kuna DNA. Si jino la Lumumba lilithibitishwa kwa DNA?

#31 Mukwetu wa Kenya (Lubumbashi)
Papa Neema, hapana. Lumumba aliuawa huku kwetu Januari 17, 1961, pamoja na Mpolo na Okito, miili ikayeyushwa kwa asidi. Jino alilobaki nalo polisi wa Kibelgiji lilichukuliwa na mahakama ya Ubelgiji mwaka 2016, likarudishwa kwa familia Juni 2022. Lilipitishwa hadi Lubumbashi kabla ya kuzikwa Kinshasa. Kipimo cha DNA hakikufanywa kwa sababu kingeliharibu jino lenyewe. Familia iliamua kulizika bila cheti cha maabara, na naiheshimu.

#32 Furaha_Bkv
DNA inahitaji pia wa kulinganisha naye. Mama, mtoto, ndugu wa tumbo moja. Kule Srebrenica, Bosnia, walifanikiwa kwa maelfu kwa sababu jamaa walitoa damu. Sisi nani ametukusanyia damu? Na joto na mvua za huku zinaila DNA upesi.

#33 Mwana_Lwiro
Samahani nitaharibu hali ya hewa. Mnawasifia hawa wapima mifupa kama malaika. Kichwa cha chifu Lusinga kilikatwa Desemba 1884 na watu wa afisa wa Kibelgiji Émile Storms kule upande wa Mpala, kikapelekwa Brussels, wanasayansi wakakipima wakaandika upuuzi juu ya akili ya Mwafrika. Miaka ya 1950 wakaja kupima vichwa na pua za watu hai Rwanda na Burundi. Ukoo wa fani hii ndio huo. Nikiona kipimo cha fuvu nashika kichwa changu.

#34 Dokta_Kadutu
Mwana_Lwiro hukuharibu kitu. Vichwa vile viliibwa, na virudishwe. Lakini tazama pia Argentina mwaka 1984. Bibi waliowatafuta watoto na wajukuu zao waliopotezwa na utawala wa kijeshi ndio walioomba wataalamu, akaja Clyde Snow, mtaalamu wa mifupa kutoka Marekani, akafundisha wanafunzi wa pale pale. Wanafunzi hao walianzisha timu yao, na wamekuwa wakifanya kazi nchi nyingi, huku wakiongozwa na familia. Kifaa ni kile kile cha kupimia. Tofauti ni nani ameagiza kipimo na nani anapewa jibu.

#35 Mama_Kito
Nimesoma yote kimya. Kaka yangu alikuwa na miaka 17, alipotea Mugunga Novemba 1996 wakati kambi inavunjwa, alikuwa anauza maandazi pale. Sisemi ni yeye. Nauliza tu, kuna kitu ninachoweza kuandika kikasaidia? Utotoni alianguka na chukudu, ile baiskeli ya mbao, akavunjika mtulinga.

#36 Dokta_Kadutu
Mama, andika. Mtulinga wa upande gani, alikuwa na umri gani alipovunjika. Mvunjiko wa utotoni unaweza kufutika mfupa unavyokua, lakini mara nyingi unabaki uvimbe au mpindo. Andika meno: lililong'olewa, lililopishana, lililokatika pembe. Andika urefu wake, hata kwa kulinganisha na mlango au na ndugu. Nguo, mkanda, bangili kama alivaa. Msalaba Mwekundu hupokea maombi ya kutafuta waliopotea, peleka huko na ubaki na nakala.

#37 Mama_Kito
Wa kushoto. Bangili hakuvaa ninayoijua. Mwana_Mugunga, mtulinga mmeuona?

#38 Mwana_Mugunga
Mama, bado, na hatuchimbi tena. Tumefunika shimo, chefu wa kartie ameandika, OPJ anakuja Jumatatu na Avoka atakuwepo. Mama yangu amekubali kungoja mchungaji. Mjomba bado amenuna.

#39 Fundi Safari
Fupa la paja nimelipima kwa futi nilipokwenda kuangalia, bila kuliinua. Ukiunganisha na kichwa chake ni kama sentimita 44. Dokta, hiyo inatoa mtu wa kimo gani?

#40 Dokta_Kadutu
Kwa kanuni zinazotumika sana, za Trotter na Gleser za 1952, kama ni mwanamume ungeangukia karibu mita 1.63 hadi 1.66, ukiongeza na kupunguza sentimita nne hivi. Lakini zile ni za mtu mzima.

#41 Mwana_Lwiro
Na zilitengenezwa kwa askari wa Marekani waliokufa vitani na mifupa iliyotunzwa chuoni kule. Uwiano wa paja na kimo si mmoja dunia nzima. Mhunde, Mshi na Mtwa unawapima kwa futi ya askari wa Marekani?

#42 Dokta_Kadutu
Hoja ni ya haki. Afrika Kusini wana kanuni zao. Za Kivu mimi sizitumii kwa sababu sizioni.

#43 Mwana_Lwiro
Basi zitengenezwe hapa, na vijana wa Goma na Bukavu, kwa ruhusa ya familia. Nani ataanza?